Juu na Chini ya Ngazi: John Hawkesworth, Thika na Wamunyu

Neno mtayarishaji limekwisha kuzoeleka katika Kiswahili cha redio, televisheni na sinema, lakini maana yake bado haijatulia. Watazamaji wengi hudhani kuwa mtayarishaji ni yule yule aitwaye mwongozaji. Wengine humwona kuwa ni tajiri tu mwenye kutoa fedha. Dhana zote mbili zina upungufu. Mwongozaji huwasimamia waigizaji na kamera, na mwenye fedha hutia sahihi hundi. Mtayarishaji ndiye achaguaye kisa kabla hakijapata umbo, ndiye amtafutaye mwandishi, na ndiye awezaye kuurudisha mchezo uandikwe upya hata kama umekwisha kulipiwa. Jina lake hupita upesi mwishoni mwa kipindi, wakati watazamaji wamekwisha kuinuka vitini.

Huko Wamunyu, mji mdogo wa Machakos ulio kwenye njia iendayo Kitui, mgawanyo wa kazi wa namna hii unafahamika bila ya kuhitaji kamusi. Katika vibanda vya wachongaji, mmoja hulipasua gogo kwa shoka na kulipa sura ya awali kwa tezo. Mwingine hutumia kisu na patasi kutoa masikio, macho na vidole. Wa tatu hupiga msasa na kung'arisha kwa rangi ya viatu au nta. Hakuna atiaye jina lake chini ya kinyago. Lakini kabla ya wote hao yuko mtu aliyeagiza, mara nyingi mnunuzi wa Nairobi au Mombasa, aliyetaka twiga na wala hakutaka ng'ombe. Hajashika tezo, hata hivyo ukiuliza kwa nini twiga, jawabu liko kwake. Na kabla ya mwagizaji liko gogo lenyewe, la mpingo, la muhuhu au la mzaituni wa mwituni, ambalo lina mipaka yake: mchongaji hodari hulitoa lililomo, ila hawezi kulitoa lisilokuwamo.

Kipimo hiki cha agizo na gogo chafaa sana kuzitazamia kazi za John Hawkesworth, Mwingereza aliyezaliwa mwaka 1920 na kufariki mwaka 2003, ambaye alikuwa miongoni mwa watayarishaji mashuhuri wa michezo ya televisheni katika nchi yake. Afrika Mashariki inamhusu kwa kazi moja, mfululizo wa The Flame Trees of Thika wa mwaka 1981. Wamunyu nayo inahusika kwa sababu ya pili, iliyo nzito kuliko ile ya mfano wa vinyago, na sababu hiyo itajitokeza pale vita vitakapoingia katika habari hizi.

Hawkesworth alikuwa mtoto wa jemadari. Alisoma Rugby na Oxford, akatumika katika kikosi cha Grenadier Guards katika Vita Kuu ya Pili, kisha akaingia katika sinema kwa mlango wa uchoraji: alikuwa mmoja wa wasaidizi wa Vincent Korda katika kubuni mandhari ya The Third Man, sinema ya mwaka 1949. Malezi hayo ya jicho hayakumtoka. Katika kazi zake zote, chumba huzungumza kabla ya mtu kufungua kinywa. Mwaka 1959 alitayarisha Tiger Bay, na mswada wake aliuandika kwa kushirikiana na Shelley Smith. Ni habari ya msichana yatima wa mtaa wa bandarini Cardiff, ambako mabaharia wa mataifa mengi walikuwa wakiishi, aliyeshuhudia mauaji na kuwadanganya polisi ili kumkinga mwuaji. Msichana huyo aliigizwa na Hayley Mills, ambaye wakati huo alikuwa na umri wa miaka 12 hivi. Jina lake halina budi kukumbukwa, kwani miaka 22 baadaye Hawkesworth huyo huyo alimleta Kenya akiwa mama mwenye shamba.

Sifa yake, hata hivyo, ilijengwa na Upstairs, Downstairs, mfululizo wa vipindi 68 uliotolewa na London Weekend Television kuanzia Oktoba 1971 hadi Desemba 1975. Jina lake kwa Kiswahili ni juu na chini ya ngazi. Nyumba ni moja, namba 165 Eaton Place, London. Wakati ni kati ya mwaka 1903 na 1930. Juu wanakaa akina Bellamy, chini wanakaa watumishi wao. Usanifu huo wa nyumba ndio usanifu wa tamthilia. Jambo la kwanza la kuzingatia ni asili ya wazo. Halikubuniwa na Hawkesworth. Lilitoka kwa waigizaji wawili wa kike, Jean Marsh na Eileen Atkins, ambao jamaa zao waliujua utumishi wa majumba kwa kuufanya. Kwa maneno mengine, gogo lililetwa kutoka jikoni. Hawkesworth, mtoto wa tabaka la juu, akishirikiana na Alfred Shaughnessy aliyesimamia miswada, alikuwa na busara ya kutolichonga mpaka likageuka kuwa kitu kingine.

Kwa msomaji anayeshughulika na lugha, jiko la Eaton Place ni hazina. Hudson, mkuu wa watumishi, ni Mskoti. Anapopanda ngazi kwenda kwa bwana wake, sauti yake hunyooka, sentensi zake hurefuka, na kila neno huvaa glovu. Anaposhuka, huwa ndiye bwana, na usemi wake hubadilika ukawa wa kuamrisha na kukemea. Bibi Bridges, mpishi, ana lugha yake ya sufuria na hasira. Rose ana Kiingereza cha mtumishi wa kike aliyejifunza maneno ya juu kwa kuyasikia nyuma ya mlango. Watumishi hawa husengenya, husali, hugombana juu ya chai, humwigiza bibi wa nyumba. Mtazamaji hujua wanasema nini wakati bwana hayupo. Huo ndio msingi wa usawiri wowote wa mtumishi: usemi wake mbele ya bwana ni nusu ya lugha yake tu, na mara nyingi ni ile nusu isiyo ya kweli.

Imepata kusemwa kwamba mfululizo huu uliusamehe mno utabaka wa Kiingereza, kwa sababu watumishi wake wanaipenda minyororo yao na Hudson ni mtetezi wa ubwana kuwashinda mabwana wenyewe. Lawama hiyo ina ukweli. Lakini ni lazima itofautishwe na lawama nyingine iliyo kubwa zaidi. Hudson anaweza kulaumiwa kwa fikra zake kwa sababu amepewa fikra. Anaweza kubishiwa.

The Duchess of Duke Street ya BBC (1976–77) iliendelea na njia hiyo hiyo kwa kumfanya mpishi awe ndiye shujaa, mwanamke aliyeanzia jikoni akaishia kumiliki hoteli. Danger UXB ya mwaka 1979, inayohusu askari wa kutegua mabomu, haina mengi ya kuongeza katika hoja hii. Baada yake ndipo Hawkesworth alipogeukia Thika.

Kitabu cha Elspeth Huxley kilichotumiwa kilichapishwa mwaka 1959, Kenya ikiwa bado chini ya sheria za hali ya hatari. Ni kumbukumbu za mtoto wa masetla waliofika karibu na Thika kabla ya Vita Kuu ya Kwanza ili walime kahawa. Hawkesworth aliandika miswada ya vipindi saba, akatayarisha pamoja na Christopher Neame kwa ajili ya Euston Films na Thames Television, na uongozaji akapewa Roy Ward Baker. Hayley Mills akawa Tilly, mama. Holly Aird akawa Elspeth, mtoto. Kazi yote ilipigwa picha Kenya, na ni haki kusema kwamba ni nzuri kwa macho. Mkokoteni wa ng'ombe unaopanda polepole katika nyasi ndefu, nyumba ya majani isiyo na milango, piano na sahani za kaure zikifunguliwa kutoka katika majani makavu mbele ya watu wasiozihitaji: mchoraji wa zamani alikuwa kazini.

Kosa liko katika ramani ya nyumba. Huko London ngazi ilikuwapo, na kamera ilikuwa na ruhusa ya kushuka. Huku Thika ngazi haipo. Watumishi wapo wengi kuliko wa Eaton Place: yuko Juma wa nyumbani, yuko Sammy msimamizi wa vibarua, yuko Njombo. Wanapewa heshima, wanapewa ucheshi, hata mara nyingine wanapewa hekima. Wasichopewa ni jioni yao. Kazi ikiisha na taa ikiwashwa, kamera hubaki na Tilly na Robin, au na bibi Lettice Palmer na mapenzi yake yasiyo halali, ilhali Juma hutoka kwa mlango wa nyuma na kupotea gizani. Anakokwenda, anakula nini, anamwambia nani kuhusu siku ile na kwa lugha gani, hayo hayaulizwi. Mtu aliyetumia miaka minne kuujulisha ulimwengu kwamba jiko ni nusu ya nyumba alikuja Afrika akajenga nyumba isiyo na jiko.

Katika upande wa lugha upungufu huo unasikika waziwazi. Mazungumzo yenye uzito yanakwenda kwa Kiingereza, nacho Kiswahili kinabakia kuwa viungo vya kukolezea. Hata Kisetla, lugha ile ya amri zisizo na ngeli ambayo F. H. Le Breton aliitungia kitabu cha mazoezi mwaka 1936 kwa ajili ya askari, masetla na wake zao, kingeweza kuwa chombo kikubwa cha tamthilia. Mtu mwenye Kiswahili au Kikuyu fasaha anayelazimika kuzungumza na bwana wake kwa vipande vya maneno, kisha akigeuka tu anazungumza na mwenziwe kwa methali, ndiye Hudson kamili wa bara. Kupanda na kushuka ngazi kungesikika katika sentensi moja. Nafasi hiyo ilikuwapo na haikutumiwa.

Mtetezi wa Hawkesworth atasema kwamba kisa kinasimuliwa kwa jicho la mtoto, na mtoto wa Kizungu asingeweza kujua ya vibandani. Utetezi huu ungekubalika lau asingekuwa yeye aliyetayarisha Tiger Bay. Katika sinema ile jicho la mtoto ni shahidi: linaona kile ambacho wakubwa wanakificha, na hata uongo wake ni ujuzi. Katika Thika jicho la mtoto limekuwa pazia. Kwa kuwa Elspeth ni mdogo, hana haja ya kuuliza ardhi hii ilikuwa ya nani; kwa kuwa hana haja ya kuuliza, mtazamaji naye anapumzika. Kitabuni, Robin huuziwa shamba lake na Mzungu mwenziwe katika hoteli ya Norfolk, Nairobi. Mtoto husimulia jambo hilo kama kichekesho cha baba asiyejua biashara. Mwandishi aliyekishika kichekesho hicho mwaka 1959 alikuwa mtu mzima wa miaka hamsini na ushei, na mtayarishaji wa mwaka 1981 alikuwa na miaka sitini. Utoto ulikuwa umechaguliwa.

Wala haiwezi kusemwa kuwa mfano haukuwapo. Mwaka 1978 Shafi Adam Shafi alikuwa ametoa Kasri ya Mwinyi Fuad, riwaya ya Kiswahili ambayo kwa namna yake ni juu na chini ya ngazi ya Unguja: kasri, shamba la karafuu, bwana mvivu, na Kijakazi, mtumishi mzee ambaye utii wake kwa Fuad ndio mkasa wenyewe. Shafi hakumfanya Kijakazi awe mwanamapinduzi wa bandia. Alimwacha aamini ubwana kama Hudson aaminivyo, kisha akamwonyesha msomaji gharama ya imani hiyo. Na miaka sita tu baada ya mfululizo wa Thika, Harry Hook, Mwingereza aliyekulia Kenya, alitoa The Kitchen Toto (1987), sinema inayomfuata Mwangi, mtoto wa Kikuyu anayetumika jikoni kwa ofisa wa polisi katika miaka ya 1950. Humo kamera inalala pale mtumishi anapolala. Kwa hiyo hata mtu atokaye upande wa mabwana aliweza kushuka ngazi, alipotaka.

Tofauti kati ya kazi mbili za Hawkesworth, basi, haielezwi na kipawa, kwani kipawa kilikuwa kile kile. Inaelezwa na gogo. La kwanza lililetwa na wanawake waliozaliwa upande wa chini. La pili lililetwa na binti wa mwenye shamba. Mtayarishaji alikuwa mwaminifu kwa yote mawili, na uaminifu huo ndio uliotoa matokeo yasiyolingana.

Hapa ndipo Wamunyu inapoingia kwa haki yake yenyewe. Mfululizo wa Thika unaishia pale Vita Kuu ya Kwanza inapowakuta masetla: wanaume Wazungu wanapanda farasi, mapenzi yanakatika, kilimo kinaachwa. Katika Upstairs, Downstairs, Hawkesworth alikuwa amevitengea vita hivyo hivyo msimu mzima, ule wa nne, uliotolewa mwaka 1974, na ndani yake watumishi walihesabiwa sawa na mabwana. Edward, mhudumu wa mezani, anarudi kutoka Ufaransa akili ikiwa imevurugika. Rose anapoteza mchumba. Mtazamaji wa Kiingereza alifundishwa kwamba vita vilipita jikoni pia.

Na huku je? Nyuma ya Kilimambogo, mlima uonekanao kutoka mashamba ya Thika, ndiko Ukambani unakoanzia, na Ukambani ulitoa wapagazi na askari kwa wingi. Mnamo mwaka 1917, wakati nguvukazi ya jeshi ilipokuwa ikipungua, uandikishaji wa lazima wa wapagazi ulisimamiwa na John Ainsworth, yule yule aliyekuwa ameutawala Machakos katika miaka ya 1890. Makumi ya maelfu ya watu wa Afrika Mashariki hawakurudi, na waliouawa na maradhi na njaa walikuwa wengi kuliko waliouawa na risasi. Kikosi chao kimeacha jina katika Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi, na lugha ya Kiswahili imelitunza jina hilo vizuri kuliko sinema.

Mmoja wa waliorudi alikuwa Mutisya Munge wa Wamunyu. Masimulizi yanayokubaliwa na wengi yanasema kwamba alipokuwa vitani katika nchi iliyokuja kuitwa Tanganyika alikutana na wachongaji, ambao wengine huwataja kuwa ni Wazaramo na wengine Wamakonde. Akajifunza kwao uchongaji wa mpingo, na aliporudi nyumbani akauendeleza, kwanza katika ukoo wake. Kabla ya hapo Wakamba walikuwa wakichonga vigoda, fimbo na vyombo vya matumizi. Baada yake Wamunyu ikawa chimbuko la kazi iliyoenea mpaka Gikomba, Changamwe na Malindi, na vinyago vyake vikasafiri hadi Ulaya na Marekani. Hiki ni kisa cha vita cha upande wa chini. Kina safari, kina kifo kila upande, kina mtu aliyepelekwa kuwatumikia wengine akarudi na ufundi ambao hakuna aliyemtuma akautafute. Kinaanza mwaka ule ule ambao mfululizo wa Hawkesworth unafunga mlango, na mahali pasipo mbali na mlango huo.

Haitoshi, hata hivyo, kuisifu Wamunyu kana kwamba yenyewe haikuguswa na soko la macho ya mgeni. Kinyago kinachotambulika upesi miongoni mwa kazi zake ni Mmasai aliyesimama na mkuki. Mkamba anamchonga Mmasai kwa ajili ya Mwingereza, kwa sababu Mwingereza alikwisha kuletewa habari za Mmasai na vitabu na sinema. Kijakazi wa Wamunyu anayepiga msasa, mpagazi aliyerudi, Mutisya mwenyewe akiwa na tezo mkononi, hao si rahisi kuwakuta katika rafu za maduka ya Nairobi. Agizo halikuwataja. Kwa hali hiyo mchongaji na mtayarishaji wamefungwa na kamba inayofanana, ingawa haziwabani sawasawa: Hawkesworth, aliyekuwa na sifa na kituo cha televisheni nyuma yake, alikuwa na uwezo wa kuligeuza agizo, mchongaji mwenye ada ya shule ya kulipa hana. Pamoja na hayo, kibandani kuna kitu kisichouzwa, nacho ni mazungumzo. Wakati mikono inatoa twiga wa kumi na tatu, vinywa vinazungumza Kikamba juu ya mnunuzi, bei, na wazee waliotangulia. Hilo ndilo jiko la Eaton Place likiwa Machakos, na bado liko wazi kwa atakayetaka kulisikiliza.

Wakenya wenyewe walikuwa wakianza tu kutengeneza sinema ndefu. Kolormask ya Sao Gamba ilitoka mwaka 1986. Hawkesworth kwa wakati huo alikuwa amekwisha kurudi katika mambo ya kwao. By the Sword Divided, aliyoibuni kwa ajili ya BBC, ilirejea vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Uingereza ya karne ya 17, na mnamo mwaka 1984 alikuwa ameshiriki kwa kiasi kikubwa katika kuviandaa visa vya Sherlock Holmes kwa Granada, Jeremy Brett akiwa mpelelezi. Katika visa vile Bibi Hudson, mwenye nyumba ya Baker Street, anapanda ngazi na sinia ya chai, na mara kadhaa kamera humngojea hadi afike, ikamruhusu atie neno lake kabla hajateremka tena.